Picha Niliyotumwa Kuitazama

Juzi, baada ya alasiri, niliwasikia wasichana wakicheka uwani chini ya dirisha langu, moyo ukanipiga kama mtu aliyefumaniwa. Sidhani kama walikuwa wakinicheka mimi. Lakini mimi nimekaa eda, huu mwezi wa pili tangu mume wangu afariki, nimevaa nguo nyeupe ghorofani mwa nyumba hii ya Kibokoni nilimolelewa na nyanya yangu, na mtu aliyekaa eda masikio yake hayapumziki. Kijiko kikianguka nyumba ya tatu anakisikia. Wasichana wakacheka tena, mmoja akasema, "Basi, utaniua!" Niliinuka nikalifunga dirisha polepole, kisha nikaketi kitandani nikatahayari peke yangu, mtu mzima mwenye wajukuu.

Sikutahayari kwa ajili yao. Nilitahayari kwa jambo nililolifanya mwenyewe nilipokuwa na umri wa miaka kumi, uwani hapo hapo, chini ya dirisha la mjane mwingine. Sijapata kumhadithia mtu. Mume wangu niliishi naye miaka thelathini na minane na hakulijua. Wewe nakuhadithia kwa sababu hunioni uso.

Siku hizo Jumatano alasiri ilikuwa siku yetu. Sinema moja ya mjini ilikuwa na onyesho la wanawake peke yao, likiitwa zanana, na mwanamume hakuthubutu kupita mlango ule. Tangu asubuhi nyumba za mtaa wetu zilikuwa mbioni. Wali ulipikwa mapema, samaki akapakwa haraka haraka, vyombo vikaoshwa, na ikifika saa nane mabuibui yalitoka kila mlango yakakutana Ndia Kuu, harufu ya udi na asumini ikiwatangulia. Kila mmoja alikuwa na kitu kwapani. Nyanya alibeba bajia ndani ya gazeti, wengine kachiri za muhogo zilizotiwa pilipili na ndimu, na sisi watoto tulinunua ubuyu mwekundu uliotupaka midomo na vidole mpaka Alhamisi. Ndani kulikuwa na joto la tanuri. Mapanga ya feni yalizunguka kwa makelele na hayakuleta hata upepo wa kutikisa ukaya wa kichwani. Taa zikizimwa, mabuibui yalifunguliwa, watoto wachanga wakanyonyeshwa, na ukumbi mzima ukaanza kula, kulia na kumlaani adui wa picha kwa sauti moja.

Picha zilikuwa za Kihindi, na wengi wetu Kihindi hatukukijua. Safu yetu ilikuwa na bahati, kwa sababu ilikuwa na jirani yetu wa mlango wa pili. Alikuwa mwanamke mdogo, hajatimia miaka thelathini, mwembamba, mwenye mwanya. Alikulia uwa mmoja na Wahindi, akakisema Kihindi kama alivyosema Kimvita. Tulimkalisha katikati ya safu, nyanya ubavuni mwake, mimi sakafuni miguuni pao. Maneno yakitoka kwenye pazia la picha aliyageuza papo hapo kwa sauti ya chini, nayo yakapita sikio kwa sikio mpaka kwa wa mwisho. Mara nyingine wa mwisho walikuwa wanacheka wakati sisi wa katikati tumekwisha kuanza kulia. Nyanya alikuwa akimshika mkono gizani akimwambia, "Wewe ndiwe mato yetu," yaani macho yetu.

Mumewe alikuwa karani bandarini, mtu mpole mwenye kofia ya kudariziwa iliyopauka. Hakupenda sinema. Alisema giza lile linamuuma macho. Lakini kila Jumatano usiku alikuwa hali chakula mpaka mkewe amhadithie picha nzima, tangu wimbo wa kwanza mpaka harusi ya mwisho. Dirisha lao lilitazama uwa wetu, na tulikuwa tukilala kwa sauti yake akihadithia na sauti ya mumewe akiuliza, "Kisha? Kisha?" Nyanya alikuwa akisema kwamba yule bwana ameona picha nyingi kuliko sisi sote na hajakata tikiti hata moja.

Bwana yule alifariki ghafla, mchana, akiwa kazini. Jirani akakaa eda. Alivaa nyeupe, akavua bangili, akaacha wanja na manukato, akakaa chumbani mwao ghorofani asitoke miezi minne na siku kumi. Nyumba ilikuwa ya wakwe. Mama mkwe na mawifi wawili waliishi chini, na kila waliposikia hatua zikipanda ngazi walitoa kichwa kutazama ni nani.

Jumatano zikaendelea bila yeye, na safu yetu ikawa kipofu. Tulitazama midomo ikipanda na kushuka, kila mtu akabuni maneno yake, wakabishana wao kwa wao kama yule kijana ni mume au ndugu. Ndipo likaja tangazo la picha ya rangi. Wakati huo nyingi tulizoonyeshwa zilikuwa nyeusi na nyeupe, na za rangi zilikuwa chache, za zamani, zimezunguka dunia nzima kabla ya kutufikia. Hii ilikuwa picha ya nyimbo na ya kuchekesha, na kilichochekwa humo ni watu wa picha wenyewe, matajiri wanaozitoa na mastaa wanaozicheza. Jirani alikuwa akiingojea tangu mumewe yu hai. Walikuwa wakiizungumza, nasi kule uwani tulikuwa tukiwasikia.

Nilikuwa nampelekea uji wa mtama kila asubuhi, kwa amri ya nyanya. Asubuhi ya Jumatano ile aliniambia nifunge mlango.

"Mwanangu, wewe wahifadhi vizuri madrasa, sivyo?"

"Naam."

"Basi nenda kanitazamie picha ile. Hifadhi kila utakaloweza. Uje uniletee."

Akanitia wasiwasi kidogo kwa namna alivyonishika bega. Akasema mtu asijue, kwani watu hawatafahamu, watasema mjane gani huyu. "Haya ni yangu na yako." Nikaapa. Niliapa kwa msahafu, na hakuna aliyeniambia niape.

Sasa nikwambie jinsi mtoto wa madrasa anavyotazama picha. Sikujua maana ya neno hata moja, lakini hata Kiarabu cha sura nilizozisoma mbele ya mwalimu kila siku sikukijua maana, na mwalimu alikuwa na fimbo ndefu ya kumfikia aliyekosea. Kuchukua sauti isiyo na maana na kuitoa nzima, hiyo ndiyo kazi niliyoisomea. Nilikaa sakafuni miguuni pa nyanya, sikula bajia, sikula ubuyu, nikanyakua maneno yakitoka nikayarudia kimoyomoyo. Nyanya alidhani ninaumwa.

Na picha yenyewe, mwenzangu! Rangi zilikuwa kali hata midomo ya wanawake ikawa myekundu kupita pilipili, na majani yalikuwa ya kijani ambacho sijakiona kwenye mti wowote. Palikuwa na tajiri mnene wa picha aliyetaka kuonyesha vita vya wafalme. Jeshi lilihitaji ndovu wengi, yeye akakodi mmoja tu. Basi ndovu yule alipita mbele ya kamera akiwa na nguo nyekundu, akazungushwa nyuma mbio, akapakwa chokaa, akapita tena akiwa mweupe, akazungushwa, akapita na masikio ya dhahabu, mpaka mwishowe akachoka akaketi juu ya kiti cha tajiri. Halafu palikuwa na staa wa kike asiyejua kulia. Akaletewa bibi kizee wa kumfundisha, na mafunzo yenyewe yalikuwa haya: ulie kwa jicho la upande wa kamera tu, jicho la pili lipumzishe. Kisha wimbo mkubwa. Wanawake waliovaa nyeupe walipanga safu mbele ya jeneza la karatasi, bwana mmoja akapuliza kipenga, wote wakaangua kilio. Akapuliza tena, wote wakanyamaza wakanywa chai.

Nilicheka mpaka nikasahau kuhifadhi. Hayo yote niliyaona na kuyafahamu bila maneno. Naona ndiyo yaliyoniingia zaidi, kuliko maneno yenyewe.

Kumhadithia jirani kulichukua siku nyingi, kwa sababu tulikuwa tunaiba wakati. Nilikuwa nikipanda na bakuli la uji, nakaa mkekani, nafumba macho kama ninavyofanya mbele ya mwalimu, natoa maneno ya Kihindi jinsi nilivyoyapokea. Yeye naye anafumba macho. "Sema tena," anasema. Nasema tena. Kisha uso wake unafunguka, ananiambia maana yake, nami ndipo ninapojua nilichokitazama. Nilimletea picha kwa sauti, naye akanirudishia kwa maana. Sijapata tena katika maisha yangu kujiona nina faida kama siku zile.

Zikisikika hatua za mawifi kwenye ngazi, alivuta ukaya akajifunika uso, akainama, akalia. Mawifi waliketi mlangoni, wakamtazama, wakapumua, wakaulizana bei ya nazi, wakashuka. Ngazi zikinyamaza aliinua ukaya akaniambia, "Haya, mwanangu, endelea."

Siku niliyomhadithia ndovu, alicheka. Alitia pembe ya leso mdomoni asisikike chini, akacheka mpaka machozi yakamtoka, nami nikafurahi, nikaongeza madoido, nikamfanya ndovu apite mara tatu zaidi. Ghafla nikaona anatetemeka namna nyingine. Alikuwa analia. Hakutoa sauti yoyote, amejikunja juu ya magoti yake, na alipopata pumzi alisema, "Hii ingemchekesha. Wallahi hii ingemchekesha."

Nilijua anamsema nani. Nakuomba hapo usinipe udhuru wa utoto. Nilikuwa nimelala miaka yangu yote chini ya dirisha lile nikimsikia akimhadithia mumewe, na nilijua mimi nimekaa mahali pake pa kuhadithia naye amekaa mahali pa mumewe pa kusikiliza. Nilijua kwa namna mtoto anavyojua, bila ya kuweza kuyapanga maneno. Nilimpa maji, nikachukua bakuli nikashuka.

Siku mbili kabla ya arobaini ya marehemu, wanawake wa mtaa walikusanyika uwani kwetu kutayarisha chakula cha hitima. Uwa ulijaa. Waliokuna nazi walikaa juu ya mbuzi kwa safu, waliochagua mchele walikuwa na nyungo mapajani, nyanya alikuwa anamenya vitunguu thaumu kwenye sinia. Kazi ilikuwa ya msiba lakini midomo haikuwa msibani, kama kawaida. Mmoja akaniambia, "Hebu mwige mwalimu wako anavyotembea." Nikamwiga na fimbo yake. Wakacheka. Nikamwiga muuza maji. Wakacheka zaidi. Mimi mtoto wa nyumba yenye watu wazima tu, niliyezoea kuambiwa toka hapa, nikawa nimesimama katikati ya wanawake kumi na tano wote wananitazama mimi. Utamu wake ulinipanda kichwani.

Nikawa sina mtu mwingine wa kuiga. Na kichwani mwangu mlikuwa na ile picha, na kipenga, na wanawake waliovaa nyeupe.

Nilichukua kitambaa cheupe kilichofunika mikate nikajifunika nacho. Nikaketi kwa magoti, nikapiga kipenga kwa midomo, nikaangua kilio kwa jicho moja. Nikapiga kipenga cha pili, nikainua kitambaa, nikasema kwa sauti yake, na sauti yake niliipata sawasawa, "Haya, mwanangu, endelea." Nikacheka na pembe ya kitambaa mdomoni. Nikageuza kicheko kikawa kilio. Nikasema, "Hii ingemchekesha. Wallahi hii ingemchekesha."

Uwa ulilipuka. Mmoja alianguka chali mchele ukamwagika. Wakaniuliza endelea nini, nimehadithiwa nini, nimehadithia nini, nami nikawaambia yote: ndovu, jicho la upande wa kamera, picha niliyotumwa kuitazama. Kila neno lilileta kicheko kingine. Nilipoinua macho niliona dirisha la ghorofani nyumba ya pili, na mkono mwembamba uliotoka ndani ya mkono wa nguo nyeupe, ukivuta ubao wa dirisha. Haukuvuta kwa hasira. Ulivuta polepole, kama mtu anayezuia jua.

Nyanya alinifinya mkono mpaka nikapiga kelele. "Nyamaza, mtoto usiye haya," akasema.

Ulimi hauna mfupa. Miongoni mwa waliokuwa pale mmoja alikuwa binamu wa mama mkwe, na kabla ya magharibi maneno yalikuwa yamekwisha kuvuka kichochoro. Yalipovuka yaliongezeka. Ilisemwa kwamba jirani anapelekewa sinema ndani ya eda, kwamba anaficha kitunguu cha kujiliza chini ya mto wa kulalia, kwamba alikuwa anangoja tu mumewe afe. Mama mkwe hakupiga kelele. Alimweka binti yake mmoja kukaa mlangoni pa chumba kile mchana kutwa, uji wetu ukapokewa chini, na mimi nikaambiwa nisikanyage ngazi zile tena. Watoto wa mtaa walimpa jina, mjane wa sinema, na baadhi ya watu wazima wakalitumia.

Eda ilipokwisha, mama mkwe alimwambia aende kwa kakaye, mtaa wa Tudor. Yeye alikuwa ametaka kubaki. Nyanya aliyasikia hayo na nikamsikia akiyasimulia: jirani alikuwa ameomba aachiwe chumba kile kile, ajilipie kodi kwa kushona, kwa sababu ndimo alimokaa na mumewe. Akaambiwa mtu anayecheka ndani ya eda hana la kukumbuka. Asubuhi moja kitanda, kasha na cherehani vilipakiwa kwenye mkokoteni. Alitoka na buibui lake, akasimama kidogo kichochoroni, akatazama milango. Milango yote ilikuwa wazi na hakuna aliyetoka. Mimi nilikuwa nyuma ya mlango wetu, na nyanya alikuwa nyuma yangu, mikono yake mabegani mwangu. Nilidhani ananizuia nisitoke.

Tulirudi sinema mara mbili tatu. Kisha nyanya akasema picha hazina ladha siku hizi, akaacha kwenda.

Nilikua, nikaolewa, nikazaa. Jirani nilimwona mara mbili tu katika miaka yote hiyo, mara zote Marikiti. Mara ya kwanza nilijificha nyuma ya lundo la madafu kama mwizi. Mara ya pili nilikuwa mwanamke mzima na kikapu mkononi, na nilijificha vile vile. Watu wa pwani tuna maneno mazuri ya mambo haya, tunasema yaliyopita si ndwele tugange yajayo. Mimi niliyashika maneno hayo nikajifunikia. Kila mwaka uliopita nilijiambia sasa ni mbali mno, atashangaa nimekwenda kufanya nini.

Hujafa hujaumbika. Mume wangu alipofariki nikavaa nyeupe, nikapanda ghorofani, wanawake wakaja kunihani kila siku, na kila alasiri ngazi zilipolia nilijikuta, Mungu anisamehe, nikivuta ukaya na kuinama. Si kwamba sikuwa na huzuni. Huzuni yangu ilikuwa na wakati wake, na mara nyingi wakati wenyewe ulikuwa pale ninapokunywa chai na kukumbuka upuuzi fulani aliousema. Lakini wageni wanakuja na wanataka kuona kitu, nawe unawapa. Hapo ndipo nilipoelewa nilichokuwa nimekiiga.

Alhamisi iliyopita ngazi zililia polepole sana, hatua moja, kisha pumziko. Mjukuu wangu akachungulia akasema ni bibi mmoja ameletwa na tuktuk kutoka Tudor. Nilimjua kabla hajafika juu. Alikuwa mdogo kuliko nilivyomkumbuka, ameshika fimbo, na mwanya haukuwapo tena kwa sababu meno yenyewe hayakuwapo. Nilitaka kuinuka akanikataza kwa mkono.

"Makiwa, mwanangu. Mungu akupe subira."

Niliitika. Nikamwomba mjukuu atuletee kahawa ya tangawizi, ili atoke. Kisha nikaanza kulia, na kwa mara ya kwanza tangu nikae eda sikujali nani ananitazama.

"Wanikumbuka?" akauliza.

"Mama, hakuna siku nisiyokukumbuka. Nataka radhi yako. Nalitoa siri yako, nikakufanyia mzaha mbele ya watu, ukatolewa nyumbani mwako kwa ajili yangu."

Akanipapasa mkono. "Wewe ulikuwa mtoto. Mtoto huonyesha alichokiona, na uwongo hukusema. Nalikuwa dirishani tangu ulipojifunika kile kitambaa. Mimi mwenyewe nalicheka."

"Ulicheka?"

"Nalicheka, mwanangu. Ulinipatia sawasawa! Nikasema, mtoto huyu atakuja kuwa kitu. Kisha nikasikia kicheko cha nyanyako." Akatafuta pumzi. "Kicheko chake nalikijua. Jumatano ngapi nimekisikia sikioni mwangu gizani. Wale wengine walikuwa watu tu. Yeye alikuwa ananishika mkono."

Nikasema haraka, kama nilivyozoea kujiambia, "Lakini alinifinya, mama. Alininyamazisha."

"Alikufinya alipokwisha kucheka," akasema. "Nalikuwa natazama."

Nimekuhadithia hapo juu kwamba nyanya alinifinya, na ni kweli. Sikukuhadithia kilichotangulia. Nilikikumbuka wakati wote: sinia la vitunguu thaumu likitikisika mapajani mwake, amejishika mbavu, kichwa nyuma, machozi yanamtoka, na kwamba ni kicheko chake hasa nilichokuwa nikikitafuta, kwa sababu nilimpenda kuliko watu wote. Alinifinya alipoona dirisha linafungwa. Miaka yote hii nimeibeba aibu hii peke yangu, na nilidhani naibeba kwa sababu ni yangu. Kumbe nusu yake nilikuwa namstiri nyanya.

"Nisamehe mimi," nikamwambia, "na umsamehe na yeye."

"Wewe nimekusamehe zamani, hujaota hata magego. Nyanyako..." Akainua kikombe, akanywa kidogo, akakirudisha. "Yeye nalimngoja. Aliishi miaka kumi na mitano baada ya siku ile. Tudor si Makka, mwanangu."

Akanyoosha miguu. Tulizungumza habari za miguu yake na za wajukuu wangu. Alipoondoka nilisimama juu ya ngazi kwa sababu siwezi kutoka, nikasikia fimbo yake mpaka mlangoni, na sauti ya tuktuk ikielekea Makadara.

Sinema ile sasa wanauza magodoro. Vijana wa siku hizi ukiwaambia zanana wanadhani ni jina la mtu. Mjukuu wangu aniambia picha zote za zamani zimo ndani ya simu, nimtajie tu jina aitafute, nami nimemwambia nimelisahau. Wanawake wa safu yetu wamekwisha, ila mmoja. Hakuna tena wa kukaa katikati akageuza maneno, na hakuna tena mume anayengoja chakula kipoe ili aulize kisha, kisha.

Lakini hayo nayalilia kwa jicho la upande wa kamera. Linaloniuma ni jingine, dogo. Kutoka Kibokoni mpaka Tudor ni mwendo wa chini ya saa moja kwa miguu, hata kwa mzee. Nyanya hakwenda. Mimi sikwenda. Miaka hamsini na kitu ikapita, na siku njia ile ilipokanyagwa, aliyeikanyaga ni yeye.